Salama Tuliyoijibu Makaburini

Naambiwa nikiandika mambo haya nisitaje jina la mtu. Haya, sitataja. Nitataja vyeo na viatu, na mtu wa Garsen akisoma atajaza mwenyewe. Wa kwanza ni naibu chifu wetu, mwenye gambuti nyeusi zilizomfika magotini. Mwaka wa mafuriko, ule wa tisini na saba kuingia tisini na nane, kila kitu kwetu kilikuwa ndani ya matope, ila gambuti zake ziling'aa kama zimetoka dukani asubuhi ile. Nimefikiria sana mtu anawezaje kuwa na gambuti safi ndani ya mafuriko. Jibu nililopata ni moja. Alikuwa amekaa kwenye boti.

Kijiji chetu kiko chini ya Garsen, ukiufuata mto kuelekea Ozi. Sisi ni Wapokomo wa mpunga na migomba, na mto wetu tunaujua. Kila mwaka unapanda, unatuachia udongo mzuri, unashuka. Mwaka ule ulipanda ukasahau kushuka.

Kabla maji hayajaingia majumbani, naibu chifu alitujia na kitu alichokiita kamati ya usalama. Kamati ilikuwa yeye mwenyewe na askari mmoja wa utawala aliyekuwa akipiga miayo. Akasema serikali inataka mitumbwi yote isalimishwe Garsen, itumike kuokoa watu.

"Watu gani?" mzee mmoja akauliza.

"Wananchi."

"Si ndio sisi?"

"Ndio nyinyi, mzee wangu. Ndiyo maana tunaichukua."

Sasa utamjibu nini mtu kama huyo? Tulimsukumia mitumbwi yetu wenyewe hadi mtoni. Neno kusalimisha nilikuwa nimelisikia redioni tu, wakati watu wa huko juu Bangale walipotakiwa kusalimisha bunduki. Nikajua basi na sisi tumekuwa majangili, majangili wa pondo na makasia.

Maji yalipoingia tulikimbilia mwinukoni. Na kwetu mwinuko ni mmoja tu, makaburini. Waliokufa ndio waliopewa kiwanja kizuri. Tulifunga karatasi za nailoni kati ya kaburi na kaburi, na kila tulipowasha moto tuliwaomba radhi wenyeji. Mama alichagua kukaa kando ya kaburi la baba. Alisema angalau pale anajua jirani yake ni nani na anakoroma vipi.

Ila mama alifika pale akiwa ameumia. Wakati wa kukimbia, bati lililong'olewa na maji lilimkata kwenye muundi. Akafunga kitambaa, akasema ni mkwaruzo. Baadaye mguu ukavimba mpaka gotini, ngozi ikawa nyeusi inayong'aa kama bilinganya, na ukianza kumkaribia unajua kwa pua kabla ya macho. Alikuwa akitetemeka akiwa ameketi juani. Mimi ndiye mwanawe wa pekee. Nilimsugua, nikamchemshia majani, nikamwombea. Mguu haukunisikia.

Pamoja nasi alikuwepo mwalimu wa shule yetu ya msingi, kijana wa bara, ambaye aliyakimbia maji akiwa amebeba kamusi ndani ya mfuko wa plastiki badala ya godoro. Tulimcheka sana. Mwalimu aliutazama mguu wa mama, akanivuta kando nyuma ya kaburi la bibi yangu.

"Kaka, huyu mama asipofika hospitali atakatwa mguu. Na akichelewa tena, hata wa kumkata hatahitajika."

"Atafikaje?"

"Kwa boti."

"Na boti liko wapi?"

Tukatazama maji. Yalikuwa yamejaa miti mizima inayoteremka kwa kasi, na mizoga ya ng'ombe, na viboko waliokuwa wamepotewa na njia kama sisi. Hakukuwa na mtumbwi hata wa kubahatisha. Yote ilikuwa imesalimishwa.

Kwa kuwa hapakuwa na kazi ya kufanya, mwalimu akaanza kunisomesha ile kamusi. Mimi shule niliiacha darasa la nne, lakini kusoma nasoma. Nikamwambia anitafutie hilo neno la kusalimisha, nione walioliandika walikuwa na nia gani. Akalipata. Akanionyesha na ndugu zake: salamu, salama, kusalimu, kusalimia, kusalimika, usalama. Akasema zote ni za mzizi mmoja, umetoka kwa Waarabu, na ndani ya mzizi mna amani na uzima.

"Basi huu mzizi umezaa na wezi," nikamwambia.

"Kamusi haiwezi kuandika kila kitu, kaka."

"Naona."

Sasa lazima nieleze jambo moja, maana mtu wa mbali hatatuelewa. Kwetu salamu ina mpango wake. Mtu akikuuliza habari, jibu la kwanza ni salama. Hata kama umetoka kuzika, ni salama. Akiuliza mara ya pili, habari za nyumbani, unasema salama tena, lakini unaishusha sauti kidogo apate kujua kuna neno. Akiuliza ya tatu, "Na zaidi?", hapo ndipo unakohoa, unavuta kigoda, unamwambia nyumba imeungua. Anayeanza na nyumba kuungua, watu huulizana amelelewa na nani. Jirani zetu Waorma wana yao, nagaa, na wao ni wagumu kutushinda. Mfugaji mmoja wa Kiorma alikuwa amekwama nasi pale makaburini na ng'ombe waliombakia. Aliniambia mwenyewe: "Hata kama simba nakula mguu, mtu nauliza, kwanza nasema nagaa. Simba baadaye."

Basi siku boti lilipokuja, mama alikuwa ameanza kuzungumza na baba kama yuko hai. Tulilisikia kabla ya kuliona. Lilikuwa boti la injini, limebeba magunia ya mahindi na madebe ya mafuta. Mbele alisimama afisa wa misaada, mtu wa bara, na jaketi la rangi ya chungwa na kipaza sauti cha mkononi. Nyuma aliketi naibu chifu chini ya mwavuli, na miguu yake ya gambuti ameikunja kama paka. Boti halikuweza kutufikia. Chini ya maji kulikuwa na matete na vichwa vya migomba, na yule wa injini aliogopa kunasa. Wakasimama mbali. Afisa akainua kipaza sauti.

"Habari zenu, wananchi?"

Na sisi sote, wakubwa kwa wadogo, wenye njaa na wenye homa, tukajibu kwa sauti moja iliyowashtua korongo:

"Salamaaa!"

Halafu tukanyamaza kungoja ya pili.

Yule bwana akatutolea kidole gumba. Akamwambia jambo mwenye injini, injini ikanguruma, boti likageuka. Tulidhani linatafuta njia ya kuingilia. Tulisimama tukitabasamu, tukilitazama linavyotafuta, mpaka likapotea nyuma ya miembe. Lilikuwa linaelekea kijiji kinachofuata, ambako naibu chifu ameoa.

Yule afisa simlaumu sana. Kwao huenda mtu akisema salama ni salama. Lakini naibu chifu alizaliwa hapa. Amelelewa na maswali haya haya matatu. Alijua vizuri kuwa tumefungua mlango tu na bado hatujasema kitu, na alikaa kimya chini ya mwavuli akitazama maji kama mtu aliyepoteza pete. Baadaye, maji yaliposhuka, nilimuuliza mbele ya watu. Alinijibu hivi: "Mlijibu wenyewe. Niliwasikia kwa masikio yangu. Mlitaka niwatangaze waongo mbele ya serikali?"

Pale makaburini siku ile ugomvi ulikuwa mkubwa. Kila mtu alimlaumu mwenzake kwa kujibu, na kila mtu alikuwa amejibu. Mwalimu akasema kulia hakusaidii, boti litarudi kwa njia ile ile, kwa hiyo tufanye mazoezi. Akapanda juu ya kaburi lenye saruji, akakunja kamusi yake ikawa kipaza sauti.

"Mimi ni serikali. Habari zenu, wananchi?"

"Sala—" wakaanza kina mama, wakajiziba midomo kwa leso, wakacheka.

"Hapana! Tena. Habari zenu?"

Mzee mmoja akakohoa. "Mwalimu, nimwambie mtu mbaya kabla hajakanyaga chini?"

"Ndiyo, mzee."

"Kabla hajanywa maji?"

"Maji si haya yamejaa, mzee! Mwambie mbaya!"

"Mimi nitasema si nzuri sana," mzee akasema. "Zaidi ya hapo mniache."

Yule mfugaji wa Kiorma alikataa kabisa. Alisema wakati wa kujibu ukifika atakwenda kusimama na ng'ombe, kwa maana ng'ombe hawaulizwi. Mazoezi yaliendelea mpaka watoto wakayajua kama wimbo, wakawa wanazunguka makaburini wakipiga kelele "Mbaya! Mbaya!" huku wanacheka. Mama alikuwa amelala akitusikiliza. Aliniita.

"Mnafanya nini?"

"Tunajifunza kuwaambia kwamba unaumwa."

"Mimi?" akasema. "Nani aliwatuma?"

Boti lilirudi. Kwa bahati mvua ilikuwa imenyesha tena na maji yakapanda. Mungu alituzidishia mafuriko ili tuokoke mafuriko, na boti likaweza kuelea juu ya matete na kusogea karibu. Safari hii halikuwa na magunia, lilikuwa limebeba wagonjwa wa vijiji vingine. Afisa akainua kipaza sauti.

"Habari zenu, wananchi?"

Kukawa kimya kwanza, kimya cha watu wanaojizuia kupiga chafya. Kisha watoto wakaanza, na wakubwa wakafuata: "Mbaya! Mbaya sana!" Yule mzee alichelewa akabaki peke yake na "si nzuri sana" yake, ikasikika vizuri kuliko zote.

Afisa alishusha kipaza sauti. Naibu chifu akamwinamia, na kwa kuwa upepo ulikuwa unatuelekea nilimsikia akimwambia, "Hawa nao ni wakali, mkubwa. Tuwe waangalifu." Lakini afisa alitaka kuona. Akashuka, maji yakamfika kiunoni, akaja. Gambuti nazo zikalazimika kushuka. Ilikuwa mara yangu ya kwanza kuziona zinaingiwa na maji, na nakiri nilipata faraja ndogo.

Afisa akasema boti limebakisha nafasi ya mgonjwa mmoja tu, na wengine watafuatwa kesho Mungu akipenda. Ni nani aliye na hali mbaya kuliko wote? Vidole vyote vikamwelekea mama.

Sasa huyu afisa alikuwa ametoka kwenye nyumba yenye adabu. Hilo ndilo lililotuponza. Alivua kofia, akachutama kando ya kaburi la baba.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, baba. Karibu."

"Asante. Habari yako, mama?"

Mama alikuwa ameketi. Sijui alitoa wapi nguvu za kuketi, maana tangu asubuhi nilikuwa nikimnywesha maji kwa kijiko. Alikuwa amejifunga leso safi, ile anayoivaa arusini, ameikunjua mpaka vidoleni, mguu wote umefunikwa. Mgeni amekuja. Tena wa serikali.

"Salama, mwanangu," akasema.

Wale waliokuwa karibu waligeuza nyuso.

"Wanasema unaumwa mguu?"

"Watu hawakosi la kusema. Mkwaruzo tu. Habari za huko utokako?"

"Nzuri, mama."

"Watoto hawajambo?"

"Hawajambo." Afisa akatabasamu, na tabasamu lile lilinitia baridi. Akanyanyuka. "Huyu mama yuko sawa. Ana nguvu kuliko mimi."

Naibu chifu akaidaka pale pale. "Mama huyu namjua tangu utotoni, ni hodari sana. Mkubwa, kuna yule mzee wetu wa tumbo. Tungemchukua yeye." Yule mzee wa tumbo ni mjomba wa mkewe. Alikuwa na tumbo, ni kweli. Alikuwa nalo tangu kabla ya mafuriko.

Mwalimu akanitazama. Alikuwa mtu wa bara, na alijua kwamba neno lililobaki si lake kulisema. Mama naye akanitazama, na macho yake yalisema kitu kimoja tu: usithubutu.

Nilisema, "Mama yangu ni mwongo."

Watu walishusha pumzi kama wamepigwa. Nikasema tena, kwa sauti ya juu, kwa kuwa mara ya kwanza nilijiona nimenong'ona: "Ni mwongo! Mbele yenu nasema! Anadanganya!" Na nikiwa bado nasema nikainama, nikashika leso kwenye pindo, nikaivuta, mguu wa mama ukabaki wazi mbele ya wanaume, mbele ya serikali, kando ya kaburi la mumewe.

Harufu iliwafikia wote kwa pamoja. Naibu chifu alijiziba pua kwa mkono aliokuwa anashikia mwavuli, mwavuli ukaanguka. Afisa hakuniuliza chochote. Alimbeba mama mikononi mwake kama mtoto, akaingia naye majini. Mama hakulia wala hakunitazama. Nilimsikia tu akimuuliza yule bwana, kwa sauti ya kawaida kabisa, "Samahani, mwanangu, huyu kijana aliyenivua nguo umemjua ni wa nani?"

Mimi sikupewa nafasi. Nafasi ilikuwa moja, na ile kesho ya kufuatwa wengine haikufika. Nilimfuata maji yaliposhuka, kwa miguu, tope likinifika mapajani, mkungu wa ndizi begani, zile chache zilizosalimika. Garsen nilimkuta amehamishiwa kwenye kambi kando ya barabara, wameshamsafisha mguu hospitalini, wamemchoma sindano, mguu umebaki ingawa hautakunjika tena. Lakini kumwona haikuwa rahisi. Langoni alikuwepo mlinzi wa stoo ya misaada, na huyu ndiye mkosaji wangu wa pili. Patipati zake zilikuwa za rangi mbili, ya kushoto bluu, ya kulia nyekundu.

"Assalam aleikum," nikamwambia.

"Waleikum salam. Sasa salimia."

"Si nimeshasalimia?"

Akawageukia wenzake. "Huyu mzee ni wa kule majini." Wakacheka. "Mzee, hapa tunasalimiana kwa mkono."

Nikampa mkono. Akaupokea, akautazama ulivyo mtupu, akanirudishia kama chenji mbovu. Kisha akautazama mkungu. Hapo nikaelewa, na mkungu ukabaki langoni. Nilipomsimulia mwalimu, alifungua kamusi yake, ambayo sasa ilikuwa imevimba kurasa kama mguu wa mama. Maana ile haikuwemo. Hata vijana wa stejini Garsen wanajua kuwa usalama si amani, ni yule jamaa wa shati la kuchomekea anayekaa hotelini siku nzima bila kuagiza chai, akiisikilizia serikali maneno ya watu. Hiyo nayo haikuwemo. Mwalimu alisema labda chapa ijayo. Wale vijana wenyewe, ukiwapita wanasema "Sasa?", na jibu lao ni "Fiti." Nimewasikia wenye malaria wakijibu fiti. Wanadhani wamegundua lugha mpya, na wameurithi ugonjwa wetu mzima mzima.

Mama tulimrudisha nyumbani kwa mtumbwi, mmoja wa ile iliyosalimishwa. Ulikuwa na rangi mpya, na mwenyewe mpya aliyetutoza nauli. Anatembea sasa kwa kuburuta mguu, anapalilia mchicha wake, anawagombeza kuku. Wageni wakija kumuuliza habari za mafuriko anawaeleza vizuri kabisa. Tulikuwa salama, anasema. Maji yalikuwa mengi kidogo, lakini tulikaa na wazee wetu waliotangulia, hatukukosa kitu. Halafu anashusha sauti, na mgeni aliyelelewa vizuri anauliza na zaidi. "Zaidi," anasema mama, "ni kwamba mwanangu alinivua leso mbele ya serikali."

Nimemwomba radhi. Nimemtuma mwalimu, nimemtuma shekhe, nimemtuma yule mfugaji wa Kiorma, ambaye alikwenda akamsikiliza mama, akarudi akaniambia mama ana haki. Nimenunua leso mpya, doti nzima. Anaivaa, na inamkaa vizuri, na radhi sijaipata.

Juzi naibu chifu alipita kwetu, na gambuti mpya. Akapiga hodi, akaingia, akaketi kwenye kiti changu. "Habari yako, mama?" Mama alimtazama usoni yule mtu, akatabasamu. "Salama, mwanangu. Habari za nyumbani?" Wakaenda hivyo, salama kwa salama, mara tatu bila kuruka hata moja, na chai akatiliwa. Nilikuwa mlangoni nikisikiliza. Hakuna neno lililopungua.

Alipoondoka niliingia, nikachukua kikombe chake nikakiosha. Nikamuuliza mama, kama ninavyomuuliza kila siku tangu tuliporudi, "Habari yako, mama?"

Watu wote wa mto huu wana salama yao kwa mama. Mimi ananijibu hivi: "Mguu unauma. Kuni zimekwisha. Na jana usiku nimemwota baba yako, ananiuliza yule mtoto tulimlea vipi."

Nikaenda kutafuta kuni.